Nyayo Zisizofutika: Karatasi, Ukuta na Kumbukumbu ya Kifungo cha Kisiasa nchini Kenya

Utangulizi

Katika Kiswahili, unyayo ni sehemu ya chini ya mguu, na vilevile ni alama inayobaki ardhini baada ya mguu kupita. Maana ya pili ndiyo iliyoingia katika siasa ya Kenya mwaka 1978, pale Daniel arap Moi aliposhika urais kufuatia kifo cha Jomo Kenyatta na kutangaza kwamba angefuata nyayo za mtangulizi wake. Haikupita miaka mingi neno hilo likawa jina la kila kitu: uwanja wa michezo, mabasi, wodi za hospitali, na hatimaye jumba refu linalosimama pale Kenyatta Avenue inapokutana na Uhuru Highway jijini Nairobi. Katika orofa za jumba hilo mwananchi alipanga foleni kutafuta pasi ya kusafiria. Chini yake, katika vyumba visivyo na dirisha, mwananchi mwingine alizuiliwa kwa siku au wiki kadhaa bila jamaa zake kujua aliko.

Makala haya yanachunguza athari za kifungo cha kisiasa katika Kenya huru, tangu mwaka 1969 hadi miaka ya 1980. Neno athari linatumiwa hapa kwa maana yake ya asili, yaani alama inayoonekana na kushikika: karatasi, mlango, ukuta, ngozi ya mguu. Uhakiki wa fasihi ya gerezani katika Kiswahili umeshughulikia zaidi dhamira na msimamo wa mtunzi, na mafanikio yake katika uwanja huo ni makubwa. Lakini shairi la gerezani ni kitu kabla ya kuwa dhamira. Liliandikwa juu ya kitu fulani, likafichwa mahali fulani, likapita mlango fulani mkononi mwa mtu fulani. Hoja ya msingi ya makala haya ni kwamba wafungwa wa mwanzo walituachia karatasi, ilhali wale wa kipindi cha Nyayo House walituachia hasa ukuta; na kwamba jamii inayohifadhi karatasi na kuuacha ukuta imehifadhi nusu tu ya historia yake.

Gereza katika mapokeo ya ushairi

Neno gereza lenyewe ni athari. Wanaleksikografia hulihusisha na neno la Kireno lenye maana ya kanisa, na katika Kiswahili cha zamani lilimaanisha ngome kabla ya kumaanisha jela. Ngome ya Mombasa, Fort Jesus, inathibitisha mpito huo kwa mawe yake. Wareno waliijenga kuanzia 1593, na Waingereza wakaitumia kama jela tangu 1895 hadi 1958, kisha mwaka 1960 ikafunguliwa kuwa makumbusho. Ndani yake umehifadhiwa ukuta ambao askari na mabaharia wa Kireno waliuchorea merabu na watu. Hakuna anayeuliza leo iwapo michoro hiyo ina thamani ya kisanaa ya kutosha kuhifadhiwa. Imehifadhiwa kwa sababu ni mkono wa mtu aliyekuwa pale, akiwa mbali na kwao, na akataka kuacha alama.

Mapokeo ya ushairi wa Kiswahili nayo yana gereza lake la kale. Katika Utenzi wa Fumo Liyongo, kama ulivyotungwa na Muhammad Kijumwa wa Lamu mwaka 1913, shujaa anafungwa Pate. Chakula kizuri anachopikiwa na mamaye kinaliwa na walinzi mlangoni. Ndipo anapompa mjakazi Saada ujumbe wa kishairi ampelekee mamaye: apike mkate wa wishwa, na ndani yake atie tupa. Walinzi wanauona mkate wa makapi, wanaudharau, wanaupitisha. Kisha Liyongo anasababisha ngoma ya gungu ipigwe nje, na kelele za waimbaji zinafunika sauti ya tupa inayokata pingu.

Kisa hiki kimesimuliwa mara nyingi kama kielelezo cha ujanja wa shujaa. Kwa madhumuni ya makala haya, kina mafunzo matatu yanayohusu vitu. Kwanza, shairi linatoka gerezani kwa sababu mlinzi halielewi. Pili, kifaa kinaingia gerezani kwa sababu kimefichwa ndani ya kitu kisicho na thamani machoni pa mlinzi. Tatu, ukombozi unahitaji watu wa nje wanaoimba, hata kama hawajui wanaimba kwa ajili gani. Mafunzo haya matatu yanajirudia, karibu hatua kwa hatua, katika Kenya ya karne ya 20.

Karatasi: 1969 hadi 1978

Mwaka 1968 chama cha upinzani cha KPU, kilichoanzishwa na Oginga Odinga miaka miwili kabla, kilizuiwa kushiriki uchaguzi wa serikali za mitaa pale wagombea wake walipokataliwa kwa madai kwamba fomu zao hazikujazwa sawasawa. Mwishoni mwa mwaka huo ukasambazwa Mombasa waraka wenye kichwa cha maneno mawili tu: Kenya: Twendapi? Mwandishi wake, Abdilatif Abdalla, alikuwa kijana wa miaka 22. Alikamatwa, akashtakiwa kwa uchochezi, na mwaka 1969 akahukumiwa kifungo ambacho, baada ya upande wa mashtaka kukata rufani, kilifikia miaka mitatu. Alikuwa miongoni mwa watu wa kwanza kufungwa kwa kosa la kisiasa katika Kenya huru. Kabla mwaka 1969 haujamalizika, Tom Mboya alikuwa ameuawa, KPU kimepigwa marufuku na Odinga yuko kizuizini.

Swali la waraka lilikuwa swali la njia. Jibu la serikali lilikuwa kumwondoa muulizaji njiani na kumfungia mahali ambapo hakuna kwenda popote. Humo ndimo yalimotungwa mashairi ya Sauti ya Dhiki, yaliyochapishwa na Oxford University Press mwaka 1973, mwaka mmoja baada ya mtunzi kutoka. Yaliandikwa kwenye karatasi za chooni na kutolewa nje kwa siri kwa msaada wa askari jela. Mkate wa wishwa umerudi. Karatasi ya chooni ni kitu duni kuliko vyote katika seli. Ni kitu ambacho mlinzi hakikagui kwa kuwa kukikagua ni kujishushia hadhi. Udhalili wake ndio ulioipa uwezo wa kubeba siri.

Mhakiki anapaswa kujiuliza karatasi ya namna hiyo inamfanya nini mtunzi. Ni laini, nyembamba na huchanika. Haivumilii kufutwafutwa wala kusahihishwa mara kwa mara. Mtu anayeandika juu yake hana budi awe amekwisha kulijenga shairi kichwani. Hapa ndipo fani ya jadi inapoacha kuwa pambo na kuwa nyenzo ya kuokokea. Katika shairi la tarbia, ubeti una mishororo minne, mshororo una vipande viwili vya mizani minane minane, na vina vya kati na vya mwisho vinafungamana. Ubeti wa aina hiyo unaweza kubebwa kichwani kutwa nzima bila kupotea, kwa maana neno likidondoka, kina au mizani hulidai lirudi. Mjadala wa miaka ya 1970 kuhusu iwapo arudhi inamfunga mshairi ulikuwa mkali, na pande zote zilikuwa na hoja. Hata hivyo, mjadala huo haukutilia maanani kwa kiasi cha kutosha kwamba diwani mojawapo mashuhuri ya kipindi hicho ilitungwa na mtu aliyefungwa kweli, ambaye pingu za arudhi zilimsaidia kuhifadhi kile ambacho pingu za serikali zilitaka kukipoteza.

Lahaja nayo ilifanya kazi. Sauti ya Dhiki imetungwa kwa Kimvita, na vichwa vya mashairi kama "N'shishiyelo ni Lilo" vinamtaka msomaji asiye wa Mwambao asite kidogo kabla ya kupita. Kwa mtunzi, hii ilikuwa lugha ya nyumbani na ya watangulizi wake tangu Muyaka bin Haji. Kwa mlinzi aliyeletwa kutoka bara, ilikuwa lugha anayoifahamu nusu. Ujumbe wa Liyongo ulipita kwa njia iyo hiyo. Mbinu za jazanda zilikamilisha kazi iliyoanzwa na lahaja: "Mamba" anayejivunia mto, "Jipu" linalouma hadi litumbuke, utelezi wa "Telezi", na mabishano ya Alii na Badi juu ya mti mmoja katika "Mnazi: Vuta N'kuvute". Karatasi hizi zingenaswa, ni afisa gani angesimama mahakamani kueleza kwamba mamba ni nani?

Mwaka 1974 diwani hiyo ilipewa Tuzo ya Fasihi ya Jomo Kenyatta. Tuzo yenye jina la Rais ilimwendea mtu aliyefungwa na serikali ya Rais huyo kwa maandishi yake, wakati ambapo yeye mwenyewe alikuwa amehamia Tanzania na kufanya kazi katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Wengi wameliona jambo hili kuwa kinaya, na ni kweli. Lakini linaonyesha pia udhaifu wa karatasi. Kitabu kinaweza kusifiwa bila gereza lililokizaa kutajwa. Tuzo iliikubali sauti na kuinyamazia dhiki.

Karatasi ya chooni ilitumika tena Kamiti mwaka 1978. Ngũgĩ wa Thiong'o, aliyechukuliwa nyumbani kwake usiku wa mwisho wa mwaka 1977 baada ya mchezo wa Ngaahika Ndeenda kuoneshwa Kamĩrĩĩthũ, aliandika humo riwaya ya Caitaani Mũtharaba-inĩ, iliyotoka mwaka 1980 na kutafsiriwa kwa Kiswahili mwaka 1982 kwa jina la Shetani Msalabani. Maandishi yake yaliwahi kunyakuliwa wakati wa upekuzi, kisha yakarudishwa. Tofauti ya masaibu haya na yale ya Abdilatif ni ya kisheria: Abdilatif alifikishwa mahakamani akafungwa kwa muda uliotajwa, lakini Ngũgĩ aliwekwa kizuizini bila mashtaka chini ya Sheria ya Kulinda Usalama wa Umma, ambayo haikumpa tarehe ya kutoka. Hata hivyo wote wawili walibaki na kitu kimoja kilichofanana, nacho ni umiliki wa maneno yao. Walichokiandika gerezani kilikuwa chao.

Ukuta: 1982 hadi 1987

Umiliki huo ndio uliovunjwa katika kipindi kilichofuata. Mwezi Juni 1982 Kenya ilifanywa kisheria kuwa nchi ya chama kimoja. Katika miezi hiyohiyo wahadhiri kadhaa walikamatwa, akiwamo Alamin Mazrui, mwandishi wa tamthilia ya Kilio cha Haki (1981), aliyewekwa kizuizini hadi 1983 na ambaye mashairi yake ya wakati huo yamo katika Chembe cha Moyo (1988). Jaribio la mapinduzi la tarehe 1 Agosti liliongeza hofu ya watawala. Ilipofika 1986 msako wa kundi la siri la Mwakenya ulikuwa umeenea, na makumi ya wahadhiri, wanafunzi, waandishi wa habari, wakulima na wafanyabiashara wakapitishwa katika jumba la Nyayo.

Ushahidi wa walionusurika unaafikiana katika mambo ya msingi. Mtu alikamatwa, akafungwa kitambaa machoni na kuzungushwa na gari mitaani hadi akapoteza dira. Aliteremshwa chini ya ardhi na kuingizwa katika seli isiyo na dirisha, mara nyingi akiwa uchi. Mwanga na giza vilitawaliwa na mtu mwingine. Hewa iliingizwa kwa mashine, mara ya baridi, mara ya joto, mara yenye vumbi. Seli ilijazwa maji sakafuni, na mfungwa akaachwa humo kwa siku kadhaa, asiweze kulala wala kuketi pakavu. Kisha alipandishwa kwa lifti hadi orofa za juu kuhojiwa na kupigwa, na kurudishwa chini. Peter Njenga Karanja, mfanyabiashara wa Nakuru, alifariki Februari 1987 baada ya kuzuiliwa humo.

Miguu iliyosimama majini kwa muda mrefu huumuka, hukwajuka, hatimaye ngozi ya nyayo hubanduka. Waliotoka katika seli hizo wamelieleza jambo hili mara kwa mara, na mhakiki wa lugha hawezi kulipita. Katika jumba lililoitwa Nyayo, chini ya utawala uliowataka watu wafuate nyayo, nyayo za watu ziliozeshwa kwa maji. Istiari ya kisiasa ilirudi kwenye maana yake ya mwanzo, ile ya nyama na ngozi. Hakuna mtunzi aliyeibuni jazanda hiyo. Ilijengwa kwa saruji.

Kwa mtazamo wa fasihi, badiliko kubwa zaidi lilihusu karatasi. Katika Nyayo House mfungwa alipewa karatasi na kalamu. Aliamriwa aandike maisha yake, aandike tena, aandike mara ya tatu, hadi maandishi yafanane na yale ambayo wahoji walitaka kuyasoma. Kilichokuwa siri ya ukombozi Kamiti kilikuwa sasa chombo cha mateso. Mwisho wa kazi hiyo ulikuwa tamko la kukiri. Mshtakiwa alifikishwa mahakamani, aghalabu jioni wakati watu wamekwisha kuondoka, bila wakili. Akakiri, na hukumu ikatolewa papo hapo. Wahome Mutahi, mwandishi wa safu za kuchekesha zilizopendwa mno magazetini, alifungwa kwa njia hiyo mwaka 1986, na uzoefu huo ukazaa riwaya zake Three Days on the Cross (1991) na Jail Bugs (1992).

Basi kutoka Nyayo House tunayo maandishi mengi, ila si ya wafungwa, ijapokuwa yana saini zao. Tamko la kukiri ni utungo ambao mtunzi wake wa kweli ni seli. Kulisoma kwa haki ni lazima msomaji awe na seli yenyewe mbele yake: upana wake, mlango wake wa chuma, tundu la hewa, kina cha maji. Bila ukuta, faili la mahakama linadai kwamba mtu mwenye akili timamu alijitokeza jioni moja akakiri uchochezi kwa hiari yake. Ukuta ndio unaolikanusha faili. Hii ndiyo sababu ukuta wa Nyayo House unastahili kuhesabiwa kuwa matini, na tena matini ya msingi, ambayo nyingine zote za kipindi hicho hutegemea kueleweka kwake.

Seli iliyogeuka chombo

Si kwamba Kiswahili kilikosa la kusema juu ya chumba hicho. Katama Mkangi, mhadhiri wa Chuo Kikuu cha Nairobi na mwandishi wa Mafuta (1984), alikuwa mmoja wa waliowekwa kizuizini mwaka 1986. Riwaya yake ya Walenisi ilitoka mwaka 1995. Ndani yake Dzombo anahukumiwa kifo na kufungiwa katika chombo cha angani ambacho hakuna aliyewahi kurudi nacho. Badala ya kufa, anajifunza kukiendesha, na kinamfikisha katika sayari ambayo jina lake likikatwa vipande husomeka "wale ni sisi".

Riwaya hii imeainishwa kuwa ya kinjozi, na kwa kiasi fulani ni sahihi. Lakini chombo cha Dzombo kina sifa zote za seli: kimefungwa pande zote, hakina dirisha la matumaini, kimeundwa na serikali kwa nia ya kumaliza mtu bila damu kuonekana. Mkangi hakuieleza seli ya Nairobi. Aliichukua, akaipa injini. Njozi hapa haikimbii uhalisia. Inakataa kuuachia utawala neno la mwisho juu ya chumba ulichokijenga. Hali kadhalika, katika tamthilia ya Kifo Kisimani (2001) ya Kithaka wa Mberia, Mwelusi anapita gerezani na kuishia kuuawa kwenye kisima, mahali ambapo watu wanapata uhai. Watunzi wawili tofauti, baada ya muongo wa Nyayo House, wote wanamweka shujaa katika nafasi iliyobana.

Kuta zinazohifadhiwa na zisizohifadhiwa

Kenya si nchi isiyojua kuhifadhi jela. Kapenguria, ambako Jomo Kenyatta na wenzake watano walishtakiwa na Waingereza kati ya 1952 na 1953, seli zao zimekuwa sehemu ya makumbusho yaliyofunguliwa mwaka 1993. Nyumba ya Maralal alikozuiliwa Kenyatta nayo ni turathi ya taifa. Katika Uhuru Park, upande wa pili wa barabara kuu kutoka Nyayo House, mnara wa kuwakumbuka walioteswa na wakoloni wakati wa vita vya Mau Mau ulizinduliwa Septemba 2015. Ulitokana na maafikiano ya Juni 2013 ambapo serikali ya Uingereza ilikubali kuwalipa wadai 5,228.

Kanuni inayojitokeza ni rahisi: jela inahifadhiwa endapo aliyefunga ni mgeni. Mtu anayetoka Nyayo House kwa miguu anaufikia mnara wa mateso ya ukoloni kwa dakika chache. Mateso ya mwenyewe kwa mwenyewe hayana mnara kama huo, ilhali mahali pake pako palepale, chini ya ofisi zinazofanya kazi kila siku. Aidha, mwaka uleule ambao Kapenguria ilifunguliwa kuwa makumbusho, 1993, kina mama wa wafungwa wa kisiasa walikuwa wakihitimisha mgomo wao. Waliuanza Uhuru Park tarehe 28 Februari 1992 wakiwa pamoja na Wangari Maathai, wakapigwa na polisi siku chache baadaye, baadhi yao wakavua nguo kuwalaani askari, kisha wakahamia katika chumba cha chini cha Kanisa Kuu la Watakatifu Wote na kukaa humo kwa takriban mwaka mmoja. Neno gereza, lililotoka kanisani likaenda jela, lilipata kwa kina mama hao safari ya kurudi: chumba cha chini cha kanisa kikawa mahali pa kudai milango ya vyumba vingine vya chini ifunguliwe.

Baada ya mabadiliko ya serikali ya Desemba 2002, seli za Nyayo House zilifunguliwa mwezi Februari 2003, na walionusurika wakashuka tena ngazi, safari hii wakiwa na waandishi wa habari. Julai 2010 Mahakama Kuu iliamua kwamba haki za kimsingi za kundi la walalamikaji waliozuiliwa humo zilikiukwa, na ikaamuru walipwe fidia. Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, iliyokabidhiwa Rais Mei 2013, iliyaweka mateso ya jumba hilo katika kumbukumbu rasmi ya taifa. Sheria ya uchochezi iliyomfunga Abdilatif na mamlaka ya kumzuilia mtu bila mashtaka yaliyomweka Ngũgĩ Kamiti vilikuwa vimekwisha kufutwa mwaka 1997. Kwa hiyo sheria zimeondoka, fidia zimeamuriwa, ripoti imeandikwa. Hata hivyo hukumu na ripoti ni karatasi tena. Manusura wamedai mara nyingi kwamba mahali penyewe pageuzwe makumbusho, na dai hilo lina mantiki ambayo mahakama haiwezi kulitosheleza kwa fedha.

Kutoka Mashimoni

Yapo mahali Nairobi ambapo watu wasio na minara wamehifadhi historia kwa njia nyingine. Kibera ilianza kama makazi ya askari wa Kinubi wa jeshi la KAR, na jina lake linatokana na neno la Kinubi lenye maana ya msitu. Msitu umekwisha, jina limebaki. Vijiji vyake, Makina, Laini Saba, Lindi, Silanga, Mashimoni, kila kimoja kinabeba katika jina lake kumbukumbu ya watu au sura ya ardhi. Bomoabomoa inaweza kuondoa nyumba kwa asubuhi moja, lakini jina haliwezi kubebwa na tingatinga.

Majina hayo ni ushahidi dhidi ya hoja inayotolewa mara kwa mara kwamba kumbukumbu za mateso ni shughuli ya wasomi waliofungwa na wasomi wanaowasoma. Anayetoka Mashimoni asubuhi kwenda mjini kutafuta kibarua hupita jirani na Nyayo House; Mnubi wa Makina anayedai hati za uraia, dai lililofikishwa hadi Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu na kuamuliwa mwaka 2015, anaijua foleni ya serikali kwa undani kuliko mhadhiri yeyote. Miongoni mwa waliopita katika seli hizo walikuwamo wakulima na vibarua ambao hawakuandika diwani wala riwaya. Abdilatif, Ngũgĩ, Alamin, Mutahi na Mkangi wana vitabu vya kuwatetea. Mfungwa asiye mwandishi ana ukuta tu. Ukipakwa rangi, ukabomolewa au ukageuzwa ghala, yeye ndiye anayefutwa, si wao.

Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba historia ya kifungo cha kisiasa nchini Kenya imeandikwa katika vitu viwili ambavyo havina budi kusomwa pamoja. Karatasi ya Kamiti ilibeba sauti ya mfungwa kwa kuwa ilikuwa duni, na fani ya jadi ya Kiswahili iliisaidia kubeba mzigo huo. Ukuta wa Nyayo House ulibuniwa ili sauti hiyo isitoke, na ili karatasi itakayotoka iseme maneno ya mwingine. Wanaosoma Sauti ya Dhiki bila gereza wanaisoma kama tuzo ya 1974 ilivyoisoma. Wanaosoma mafaili ya 1986 bila seli wanayasoma kama hakimu wa jioni alivyoyasoma.

Kazi iliyo mbele ya wanafasihi inafuata kutoka hapo. Zile juhudi zinazotumiwa kuhariri miswada ya tenzi, kulinganisha nakala na kuandika kila herufi kama ilivyo, zinapaswa kuelekezwa pia kwenye seli: kupimwa, kupigwa picha, kuchorwa, na kuandikwa pamoja na maelezo ya walionusurika wangali hai kuyatoa. Kizazi cha 1969 kinazidi kupungua. Ngũgĩ alifariki Mei 2025, Mkangi na Mutahi walitangulia zaidi ya miaka 20 iliyopita. Liyongo alihitaji watu wa nje waimbe wakati tupa ikifanya kazi. Hao walimwimbia aliye hai na anayetaka kutoka. Wanaohitaji kuimbiwa sasa ni wale waliotoka na hawakusema, na ukuta waliouacha nyuma bado unangoja msomaji.